Hip, Hop, Meg na Mag: Kamusi za Kiingereza na Maneno Mafupi ya Mtaani

Katika miaka ya 1780, kibaka wa London aliyeambiwa na mwenzake kwamba mgawo wake ni "meg" alikuwa na kila sababu ya kutabasamu, kwa kuwa "meg" ilikuwa gini moja. Akiambiwa ni "mag", alikuwa na haki ya kukunja ngumi. "Mag" ilikuwa nusu peni. Gini ilikuwa na shilingi 21, na kila shilingi peni 12. Piga hesabu, utaona kwamba irabu moja ilitenganisha nusu peni moja na nusu peni 504.

Mswahili anayesikiliza Kiingereza ana taabu kuliko hata kibaka huyo. Lugha yetu ina irabu tano tu, zinazotamkwa kama zinavyoandikwa. Kiingereza cha kusini mwa Uingereza huhesabiwa kuwa na sauti za irabu 20 hivi. Maneno "hat", "hut", "heart" na "hurt" kwa wengi wetu hutoka mdomoni kwa namna moja, na msikilizaji aamue mwenyewe kama tumetaja kofia, kibanda, moyo au maumivu. Chukua sasa "bad", "bud" na "bird". Kamusini ni ubaya, chipukizi la ua na ndege. Mtaani, "bad" kwa Wamarekani Weusi tangu mwishoni mwa karne ya 19 huweza kuwa sifa, kitu kikali cha kutamanika. "Bud" ni rafiki, au ni bangi. "Bird" kwa watu wa London ni msichana, au ni muda mtu anaoutumikia gerezani. Sauti tatu zinazokaribiana zimebeba maana nane, na nimeacha nyingine.

Vijana wa leo hawakuanzisha mambo haya. Yalianza zaidi ya miaka elfu moja iliyopita, na walioyaandika ni watu wa kila aina: bwana mmoja wa Kent aliyewalaghai ombaomba, kapteni mnene aliyezunguka vilabu vya pombe usiku, mfungwa aliyepelekwa Australia mara tatu, na kiongozi wa bendi wa Harlem.

Kabla ya 1500: maneno yanakatwa mkia

Kiingereza cha kabla ya mwaka 1066 hakikuwa lugha ya maneno mafupi kiasi hiki. Kilikuwa na viambishi vingi mwishoni mwa maneno, na jina lilibadilika umbo kulingana na kazi yake katika sentensi. Nyonga iliitwa "hype", silabi mbili kamili. Tunda jekundu la waridi pori liliitwa "heope", silabi mbili nalo, ila irabu yake ya kwanza ilivutwa. Hakuna aliyeyachanganya.

Viambishi hivyo vilianza kulegea hata kabla ya Wanormani kuvuka bahari, hasa kule kaskazini na mashariki ambako Waingereza waliishi bega kwa bega na walowezi kutoka Denmark na Norway. Wanormani walipotwaa nchi mwaka 1066, mambo yalikwenda mbio. Watawala walisema Kifaransa, kanisa liliandika Kilatini, na Kiingereza kikabaki kwa wakulima bila mlinzi wa sarufi yake. Kufikia karne ya 15, ile "e" ya mwisho ilikuwa haitamkwi tena. "Hype" ikawa "hip". "Heope" nayo ikafupisha irabu yake, ikawa "hip". Neno la kuruka kwa mguu mmoja, "hoppian", lilibaki "hop", na katika karne hiyohiyo wafanyabiashara wakaleta kutoka Uholanzi mmea wa kutia uchungu kwenye bia, ambao jina lake "hoppe" nalo lilikatwa likawa "hop". Kisha, kati ya 1400 na 1700 hivi, irabu ndefu za lugha nzima zikahama mahali pake kinywani. Ndiyo maana "meet" na "meat", zilizokuwa na sauti mbili tofauti, leo hutamkwa sawa.

Kiswahili nacho kina maneno yake yanayofanana, lakini ngeli hutuokoa: paa huyu ana pembe, paa hili linavuja, na hakuna wa kubabaika. Kiingereza kilitupa ngeli zake pamoja na viambishi. Kikabaki na mamia ya maneno ya silabi moja yasiyo na alama yoyote, na mtu aliyetaka kusema jambo asieleweke na askari aliyesimama karibu hakuhitaji kubuni sauti mpya. Alichukua neno fupi lililokuwapo tayari, akalipa kazi nyingine.

1567 hadi 1699: orodha za wezi

Wa kwanza kuyaandika maneno hayo kwa wingi hakuwa mwanazuoni. Thomas Harman alikuwa bwana mwenye ardhi Kent, kusini mashariki mwa London. Afya yake ilimweka nyumbani, na langoni kwake hawakuisha ombaomba, wengine vilema kweli na wengine wa kuigiza. Aliwahoji kwa maneno matamu, pesa na chakula, kisha akachapisha yote waliyomwambia. Kitabu chake cha 1567 kinawaonya watu dhidi ya wazururaji, na kina orodha ya maneno yao. Humo "ken" ni nyumba, "nab" ni kichwa, "bung" ni mfuko wa pesa, na "duds" ni nguo. Wakati ule Kiingereza cha kawaida kilikuwa tayari na "bung" yake, kizibo cha pipa. Anayefuatilia soka ya Uingereza ameisikia "bung" ya tatu: hongo anayopewa kocha au wakala chini ya meza ili mchezaji auzwe.

Kamusi ya kwanza ya Kiingereza kwa Kiingereza ilikuwa bado haijatungwa. Ilikuja mwaka 1604, miaka 37 baada ya kitabu cha Harman, kwa mkono wa mwalimu Robert Cawdrey. Ilikuwa na maneno 2,500 hivi, yote magumu, mengi yakiwa yametoka Kilatini na Kigiriki. Cawdrey hakuona sababu ya kueleza neno "hip" wala "hop". Nani asiyejua nyonga yake? Kwa hiyo, kwa muda mrefu, neno fupi la Kiingereza lilikuwa na nafasi ya kuelezwa kitabuni pale tu lilipokuwa la wezi.

Mwaka 1699 hivi ilitoka kamusi nyingine ya lugha ya wezi, kubwa zaidi, na mwandishi wake akajitambulisha kwa herufi mbili tu: B. E. Huyu alipanua mambo. Hakuishia kwa wezi. Alikusanya pia misemo ya mabaharia, wacheza kamari na walevi. Kamusi yake ilitaja neno dogo "fun" na kulieleza kuwa ni udanganyifu, hila ya kumwibia mtu. Mtoto wa shule wa leo anayeandika kwenye insha kwamba sherehe ilikuwa na "fun" nyingi hajui kuwa anatumia neno la matapeli.

1710 hadi 1755: lawama za Swift, muhuri wa Johnson

Karne ya 18 ilipoanza, ufupi wenyewe ulikuwa umegeuka fasheni. Vijana wa tabaka la juu walichukua maneno marefu ya Kilatini na Kigiriki, wakabakiza silabi ya kwanza, wakatupa zilizosalia. Tarehe 28 Septemba 1710, mwandishi Jonathan Swift alichapisha malalamiko yake katika gazeti la Tatler. Aliyoyalaani ni pamoja na "rep" kwa maana ya sifa ya mtu, "pozz" kwa maana ya jambo la hakika, na "mob", kipande cha maneno ya Kilatini yanayomaanisha umati usiotulia. Pia alilalamikia "hipps", ugonjwa wa huzuni na wasiwasi, iliyokatwa kutoka jina la Kigiriki la sehemu ya tumbo iliyo chini ya mbavu, ambako madaktari wa zamani waliamini huzuni ndiko inakokaa.

Hapo ndipo "hip" ya tatu ilipozaliwa. Kulikuwa na nyonga, kulikuwa na tunda, na sasa kukawa na huzuni. Muungwana wa karne ya 18 aliyesema amekuwa "hipped" hakuumia mguu, alikuwa amenyong'onyea.

Swift alishinda kwa baadhi ya maneno na kushindwa kwa mengine. "Pozz" ilikufa. "Mob" ilienea hata wanasiasa wakaitumia bila haya. "Rep" ilijificha miaka mingi, kisha ikarudi, na leo msanii wa mtaani Marekani anayelinda jina lake anaitamka vilevile alivyoilaani Swift. Mimi huona kwamba Swift alikuwa na sikio zuri kuliko hukumu yake: aliyatambua maneno yenye uhai, akadhani ni magonjwa.

Miaka 45 baadaye ilitoka kamusi ya Samuel Johnson, tarehe 15 Aprili 1755, juzuu mbili kubwa zenye maneno 42,773. Johnson alifanya kazi hiyo kwa miaka tisa hivi, mingi yake katika nyumba ya Gough Square, London, akisaidiwa na waandishi sita, watano kati yao wakiwa Waskoti. Tofauti na Cawdrey, yeye aliyakaribisha maneno mafupi ya kila siku na kuyapanga kwa maana zake moja baada ya nyingine, akiweka mifano kutoka kwa waandishi wenye jina. Lakini mlangoni aliweka muhuri. Neno lililonuka mtaa aliliingiza na kuligonga chapa kwamba ni la hali ya chini. "Fun" lilipata muhuri huo, ingawa maana aliyoiandika mbele yake ilikuwa burudani na furaha. Katika nusu karne tu, utapeli wa B. E. ulikuwa umekuwa mchezo. Lililobaki ni aibu ya asili yake.

1785 hadi 1819: kapteni mnene na mfungwa

Francis Grose alikuwa kapteni wa jeshi la mgambo, mchoraji wa magofu ya kale, na mtu mnene kupindukia ambaye mwenyewe alilifanyia mzaha tumbo lake. Aliishi kwa kula vizuri na kucheka sana. Mshairi Robert Burns alikuwa rafiki yake. Alipotaka kuandika kamusi ya lugha ya mtaa hakukaa maktabani tu. Alitoka usiku wa manane na msaidizi wake, wakazunguka vichochoro vya London na vilabu vya mabaharia, wakisikiliza. Mwaka 1785 alichapisha kamusi yake ya lugha ya watu wa kawaida, maneno 3,000 hivi, na kwenye kurasa zake "meggs" zimo, zikiwa gini.

Grose alifariki Dublin mwaka 1791. Toleo lililopanuliwa na wengine mwaka 1811 ndilo lililoandika kwamba "pig", nguruwe, ni askari polisi. Wengi hudhani tusi hilo lilibuniwa na vijana wa Marekani wa miaka ya 1960 waliokuwa wakipambana na polisi kwenye maandamano. La hasha. Vijana wale walirithi neno la vibaka waliokufa zamani.

Kitabu cha Grose kilisomwa kwa kicheko. Lakini wakati huohuo, upande wa pili wa dunia, kutoijua lugha hiyo kulikuwa tatizo la kiserikali. Watkin Tench, ofisa wa jeshi aliyefika Australia na meli za kwanza za wafungwa mwaka 1788, aliandika kwamba katika mahakama za koloni mara nyingi alihitajika mkalimani. Shahidi alikuwa Mwingereza, hakimu Mwingereza, na hawakuelewana. Sijaona ushahidi bora kuliko huo wa umbali uliokuwapo kati ya mtaa na kamusi.

Tatizo hilo ndilo lililomfaa James Hardy Vaux. Huyu alikuwa mwizi aliyesoma, fundi wa kalamu, ambaye kwa jumla alihukumiwa kupelekwa Australia mara tatu. Mwaka 1812, akiwa anatumikia adhabu kwenye machimbo ya Newcastle katika New South Wales, aliandika orodha ya lugha ya wezi na kumtunukia ofisa aliyesimamia kambi, ili imsaidie kazini. Ilichapishwa London mwaka 1819 pamoja na kumbukumbu za maisha yake, na huhesabiwa kuwa kamusi ya kwanza kutungwa Australia.

Vaux aliiandika "lag", ambayo kamusini ni kubaki nyuma, kuwa mtu aliyehukumiwa kusafirishwa, yaani yeye mwenyewe. Wakati huo "leg", mguu, ilikuwa jina la tapeli wa mbio za farasi, na "lug", kuburuta, ilikuwa sikio. Katika maneno hayo matatu ni irabu tu inayobadilika, na hakuna maana ya mtaani inayotokana na maana ya mwenzake. Hapa wanafunzi wengi hukosea wanapodhani kwamba maneno yanayofanana kwa sauti lazima yawe ndugu. Kiingereza kimejaa majirani wa sauti wasio na undugu wowote.

1857 hadi 1928: vikaratasi vya Oxford

Katikati ya karne ya 19 wachuuzi wa mboga na samaki wa London walikuwa na ujanja mwingine: kulisema neno kinyumenyume ili polisi na wateja wasifuate. "Boy", mvulana, iligeuzwa ikawa "yob". John Camden Hotten, muuza vitabu, aliiweka katika kamusi yake ya 1859, pamoja na mtindo wa watu wa mashariki mwa London wa kutumia vina. Kwa mtindo huo neno hubadilishwa na kifungu chenye kina kilekile, kisha sehemu yenye kina hukatwa. "Time", muda, ikawa "bird lime", ulimbo wa kunasia ndege. Kisha "lime" ikaachwa. Ndivyo ndege alivyogeuka kifungo. "Yob" nayo leo imo katika kila kamusi ya Uingereza, na maana yake imeteremka: si mvulana tena, ni mhuni.

Miaka miwili kabla ya kitabu cha Hotten, yaani 1857, Chama cha Filolojia cha London kilianza kuzungumzia kamusi itakayofuatilia kila neno la Kiingereza tangu kuzaliwa kwake. Mradi uliyumba hadi James Murray alipokabidhiwa uhariri mwaka 1879. Murray alijenga kibanda cha mabati, akajaza rafu zenye vijumba vya kuwekea vikaratasi. Wasomaji wa kujitolea, mamia kwa mamia, walimtumia vikaratasi hivyo kwa posta. Kila kimoja kilibeba neno, sentensi lilimotumika, jina la kitabu na mwaka. Vilifika zaidi ya milioni tano.

Ule mwaka ulioandikwa kwenye kikaratasi ndio uliobadilisha kila kitu. Johnson alikuwa ametoa hukumu. Murray aliuliza tarehe. Ukiwa na tarehe huhitaji kubahatisha kama "hip" ya huzuni ilitoka kwenye "hip" ya nyonga: unavipanga vikaratasi mezani, unaona kila moja ilianza lini na kwa nani. Sehemu ya kwanza ilitoka 1884, ya mwisho 1928, na jumla ya maneno yaliyoelezwa ilikuwa zaidi ya 400,000. Murray mwenyewe alifariki 1915 bila kuuona mwisho. Kazi hiyo pia ilionyesha uzito wa neno fupi: katika toleo la 1989, neno lenye herufi tatu tu, "set", lina maana zaidi ya 400.

Hata hivyo wachapishaji wa kamusi hiyo, Oxford, waliogopa. Maneno mawili ya herufi nne, yanayojulikana na kila Mwingereza tangu utotoni na yanayohusu tendo la ndoa, yaliachwa nje. John Farmer na W. E. Henley waliyaweka katika kamusi yao ya misimu ya juzuu saba, iliyotoka kati ya 1890 na 1904, na Farmer aliingia kwenye kesi na wachapaji waliokataa kupiga chapa matusi. Oxford waliyapokea maneno hayo mwaka 1972 tu, katika nyongeza iliyohaririwa na Robert Burchfield.

1880 hadi 1979: "hop" na "hip" zavuka Atlantiki

Huko San Francisco, katika miaka ya 1880, kasumba iliyovutwa kwenye vyumba vya giza ilipewa jina "hop". Haikuwa na uhusiano na bia wala na kuruka. Mvutaji alilala ubavu, akiegemea nyonga, na hapo baadaye pakazuka kisa kwamba "hip" ya ujanja ilitokana na kulala huko. Kisa kitamu, ila vikaratasi havikiungi mkono.

Kinachojulikana ni hiki. Mwanzoni mwa karne ya 20, magazeti na vitabu vya vichekesho vya Marekani vilianza kutumia "hep" na "hip" kwa maana ya mtu mwenye kujua mambo, asiyepigwa chenga. "Hip" imo katika kitabu cha George Vere Hobart cha 1904. Hiyo ndiyo "hip" ya nne, na haikuzaliwa na yoyote kati ya zile tatu.

Mwishoni mwa miaka ya 1960, mtaalamu wa lugha za Afrika David Dalby alipendekeza kwamba neno hilo lilitoka Kiwolofu, lililetwa na watumwa kutoka Senegambia, na asili yake ni kufumbua macho. Ningependa iwe kweli. Wengi wetu tungependa, na ndiyo maana kisa hicho hurudiwa kila mahali kana kwamba kimethibitishwa. Lakini kati ya biashara ya utumwa na mwaka 1904 hakuna maandishi hata moja yanayoonyesha neno hilo likipita kutoka kinywa kimoja kwenda kingine, na mwanakamusi wa Marekani Jesse Sheidlower amelipinga pendekezo hilo waziwazi. Kufanana kwa sauti hakutoshi. Tumeshaona jinsi lugha hii inavyozalisha mfanano kila siku bila sababu.

Chimbuko ni jambo moja, na umiliki ni jingine. Waliolifanya neno hilo liwe na nguvu ni wanamuziki Weusi wa jazi. Mwaka 1938 Cab Calloway, kiongozi wa bendi aliyepata jina katika Cotton Club ya Harlem, alitoa kijitabu cha kamusi ya lugha ya wanamuziki na akakiita kwa jina la "hep". Wasikilizaji wa Kizungu wakakinunua, wakajifunza, wakaanza kusema "hep" kila kona. Matokeo yake yalikuwa ya haraka. Katika miaka ya 1940 wanamuziki wenyewe walilitupa neno hilo na kushika "hip". Aliyeendelea kusema "hep" alijitangaza kuwa mshamba. Irabu moja, kama ile ya meg na mag, ila safari hii kilichopotea ni hadhi.

Kutoka "hip" hiyo ikatoka "hipster" ya miaka ya 1940, kisha "hippie" ya 1965 na kuendelea, iliyotumiwa na magazeti ya San Francisco kwa vijana wa nywele ndefu. "Hop" nayo haikukaa kimya: kufikia katikati ya karne ilikuwa dansi ya wanafunzi.

Tarehe 11 Agosti 1973, kijana mzaliwa wa Jamaika, Clive Campbell, maarufu kwa jina la Kool Herc, alipiga santuri katika sherehe iliyoandaliwa na dada yake kwenye jengo namba 1520 la Sedgwick Avenue, Bronx, New York. Sherehe hiyo huhesabiwa kuwa mwanzo wa mtindo mzima wa hip hop, lakini jina lenyewe lilikuwa bado. Inasimuliwa kwamba mwaka 1978 hivi, Keith Wiggins, aliyeitwa Cowboy katika kundi la Grandmaster Flash, alimtania rafiki yake aliyekuwa ameingia jeshini kwa kuiga jukwaani mdundo wa kwata: hip, hop, hip, hop. Lovebug Starski, DJ wa wakati huo, naye alidai kuhusika. Mwaka 1979 wimbo wa Sugarhill Gang, "Rapper's Delight", uliyapeleka maneno hayo redioni dunia nzima. Wazungumzaji hawakuwa wakifikiria nyonga, wala kasumba, wala bia. Walitaka sauti mbili fupi zinazopigana vizuri na ngoma.

Tangu 1990: kamusi za sasa, na sisi

Maneno hayo yalifika kwetu bila kusubiri kamusi. Mapema miaka ya 1990 Dar es Salaam ilikuwa na kundi la hip hop la Kwanza Unit, na baadaye Dandora, Nairobi, ikatoa kundi la Kalamashaka. Vijana wakayachukua maneno ya Kiingereza kwa sauti, wakayapa maana zao. Kiswahili nacho kilikuwa kikifanya ujanja wake wa kale wa kukata. Ubongo ulipoteza herufi yake ya kwanza, "bongo" ikawa akili, kisha ikawa Dar es Salaam, mji usioishika bila akili, kisha ikawa Tanzania nzima. Kwenye sarufi, bongo ni wingi wa ubongo tu.

Kwa Kiingereza, kazi ya tarehe imesonga mbele sana. Jonathan Lighter alitoa juzuu mbili za kamusi ya kihistoria ya misimu ya Marekani mwaka 1994 na 1997, hadi herufi O, na haikukamilika. Jonathon Green wa London alitoa juzuu tatu mwaka 2010, na tangu 2016 kazi yake imo kwenye intaneti, kila maana ikiwa na mwaka na mfano. Upande mwingine ipo Urban Dictionary, iliyoanzishwa na Aaron Peckham mwaka 1999, ambako yeyote anaandika maana anayoitaka. Hiyo inafaa kwa kujua watu wanasema nini wiki hii. Kwa asili ya neno, usiiamini.

Kwa upande wetu, Ireri Mbaabu na Kipande Nzuga walichapisha kamusi ya Sheng huko Dar es Salaam mwaka 2003, na mwaka 2006 Uta Reuster-Jahn na Roland Kießling walitoa utafiti wa lugha ya mitaani ya Tanzania wenye maneno na misemo 1,100. Ni mwanzo mzuri, lakini misimu haisubiri matoleo ya vitabu. Basi msomaji, ukisikia neno jipya kwenye daladala au matatu, liandike, na kando yake andika mahali, mwaka na sentensi nzima uliyoisikia. Murray hakuwataka wasomaji wake zaidi ya hayo.